Mahakama ya Watoto na matunzo yasiyolipwa: amri hutoka vizuri, fedha hufika kwa shida

Huduma ninayoitathmini hapa ni ile ambayo mzazi, mara nyingi mama, huiendea baada ya maneno kuisha nyumbani: shauri la matunzo ya mtoto mbele ya Mahakama ya Watoto, kuanzia dawati la ustawi wa jamii hadi hatua ya kukazia amri pale baba anapoacha kulipa. Ninaandika nikiwa msaidizi wa kisheria katika wilaya moja ya mwambao wa Tanzania Bara, kazi inayonipeleka mahakamani pamoja na wazazi wasio na uwezo wa kumlipa wakili. Shauri ninalolitumia zaidi kama kielelezo ni la mama wa watoto wawili, ambaye ameniruhusu kulieleza bila kutaja jina lake, mtaa wake wala mahakama iliyolisikiliza. Maoni yangu ni kwamba sehemu ya kwanza ya huduma hii, yaani kusikiliza na kuamua, ni bora kuliko inavyosemwa mitaani, na kwamba sehemu ya pili, yaani kuhakikisha fedha iliyoamriwa inamfikia mtoto, imeachwa mikononi mwa yule yule aliyekuja kuomba msaada.

Msingi wa sheria si dhaifu. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamtwika mwanamume wajibu wa kuwatunza watoto wake kwa malazi, mavazi, chakula na elimu kulingana na kipato na hadhi yake, wawe wanaishi naye au wako kwa mtu mwingine, na inamgeukia mama pale baba anapokuwa amefariki, hajulikani alipo au hana uwezo. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 ilikwenda mbele zaidi kwa kumtazama mtoto mwenyewe, bila kujali kama wazazi wake walioana: ana haki ya chakula, makazi, mavazi, matibabu pamoja na chanjo, elimu, malezi na hata muda wa kucheza, na mtu anayekiuka wajibu huo anatenda kosa linaloweza kumgharimu faini isiyozidi shilingi milioni 5, kifungo kisichozidi miezi 6, au vyote viwili. Vijana wengi hawajui kwamba kabla ya hapo mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa alihudumiwa na sheria ya kikoloni iliyoweka kikomo cha shilingi 100 kwa mwezi, na kwamba kikomo hicho kilibaki katika vitabu mpaka Sheria ya Mtoto ilipoifuta sheria hiyo. Mama aliyekwenda mahakamani mwaka 2005 akiwa na mtoto wa nje ya ndoa aliweza kushinda shauri na bado akashindwa kununua hata mkate wa wiki. Anayeilinganisha huduma ya leo na ile ya wakati huo hana budi kukiri kwamba hatua kubwa imepigwa.

Mlango wa kwanza ni ofisi ya ustawi wa jamii ya halmashauri, na ningemshauri kila mzazi aanzie hapo. Huduma yake haina malipo. Ofisa humwita mzazi wa pili kwa barua, huwakalisha wote wawili na kuwapa nafasi ya kuelewana juu ya kiasi na namna ya kulipa. Katika shauri ninaloeleza, ofisa aliyetupokea alikuwa mama wa makamo aliyeijua kazi yake vizuri. Baba wa watoto alipoanza kueleza makosa ya mzazi mwenzake katika ndoa, alimwacha amalize, kisha akamwambia kwa upole: "Baba, hayo ya ndoa nimeyasikia na yana mahali pake. Hapa nataka tuzungumze watoto wanakula nini kuanzia leo jioni." Mazungumzo yakarudi kwenye mstari. Makubaliano yaliandikwa, yakasainiwa na wote wawili pamoja na shahidi, na baba akaanza kulipa.

Baada ya muda mfupi alinyamaza, na hapo ndipo wazazi wengi hukwama, kwa sababu wanaamini kwamba karatasi yenye muhuri wa ofisi ya serikali inatosha kumkamatisha mtu. Haitoshi. Makubaliano yaliyoishia mezani kwa ofisa wa ustawi si amri ya mahakama, na hakuna dalali wala askari atakayetumwa kwa sababu yake. Ni ushahidi mzuri sana wa kwamba baba aliutambua wajibu wake na kiasi alichokiona kinawezekana, lakini ili yawe na meno ni lazima yafikishwe mbele ya hakimu. Ofisi za ustawi zingefanya jambo la maana kama zingemweleza hivyo mzazi siku ile ile anapotia saini, badala ya kusubiri arudi akilalamika.

Kuna milango mingine ambayo wazazi huzungushwa bila sababu. Nimekutana na kina mama walioelekezwa na viongozi wa mtaa kwenda kwanza baraza la usuluhishi la ndoa, wakapangiwa tarehe, wakasubiri, wakasuluhishwa katika jambo ambalo hawakulipeleka. Sheria ya Ndoa inadai shauri lipitie kwenye baraza kabla ya ombi la talaka kufikishwa mahakamani. Ombi la matunzo ya mtoto linalosimama peke yake halihitaji hati ya baraza. Wengine hukimbilia dawati la jinsia na watoto la polisi. Hilo ni sahihi kabisa palipo na kipigo, vitisho au mtoto aliyetelekezwa, lakini polisi hawapangi kiasi cha matunzo. Mzazi anayeambiwa vinginevyo ana haki ya kuuliza kwa adabu ni sheria gani inayosema hivyo.

Kufungua shauri lenyewe ni kwepesi kuliko watu wanavyodhani. Maombi yanaweza kuletwa na mzazi, mlezi, ndugu wa mtoto, ofisa wa ustawi wa jamii, au mtoto mwenyewe kupitia mtu mzima anayemsimamia, na hili la ndugu linafaa kusisitizwa kwa sababu bibi wengi wanalea wajukuu huku wakiamini kwamba hawana sauti mahakamani. Vinavyohitajika ni cheti cha kuzaliwa au kadi ya kliniki, maelezo ya matumizi ya mtoto kwa mwezi, na chochote kinachoonyesha kipato cha baba: kazi yake, chombo anachomiliki, nyumba anayopangisha. Usajili siku hizi hufanyika kwa njia ya kielektroniki, jambo linalosaidia faili lisipotee, ingawa linamlazimu mama asiye na kompyuta wala simu nzuri kumlipa kijana wa steshenari amskanie nyaraka na kumjazia fomu. Gharama hiyo ni ndogo kwa mwenye mshahara, lakini kwa mama lishe ni faida ya siku nzima. Karani aliyetuhudumia alizipitia nyaraka zetu kabla ya kuzisajili na akatuonyesha palipopungua, na kwa hilo anastahili kusifiwa. Lugha nayo si kikwazo tena kama zamani. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yaliifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, kwa hiyo mama anaweza kuisoma amri inayomhusu bila kutafuta mkalimani.

Lipo jambo moja la muda ambalo ningetaka libandikwe kwenye ukuta wa kila kliniki ya wajawazito. Mwanamume anayetajwa kuwa baba anaweza kuombewa amri ya matunzo kabla mtoto hajazaliwa au ndani ya miezi 24 tangu azaliwe. Baada ya hapo mlango hubaki wazi, miongoni mwa sababu chache, ikiwa itathibitika kwamba katika miezi hiyo 24 mwanamume huyo aliwahi kutoa fedha kwa ajili ya kumtunza mtoto. Mama anayevumilia kimya kwa miaka mitatu kwa heshima ya familia anaweza kujikuta anabanwa na kifungu hiki. Ndiyo maana huwa nawaambia wasifute ujumbe wa kutumiwa fedha kwenye simu, hata kama ni shilingi 10,000 ya maziwa, na waombe taarifa ya miamala kutoka kampuni ya simu mapema. Muamala mmoja wa namna hiyo, wenye tarehe, unaweza kuamua kama shauri lisikilizwe au litupwe.

Baba anapokana mtoto, mahakama hutazama mambo kadhaa: jina lake katika daftari la vizazi, taratibu za kimila alizozifanya kwa mtoto, kumtambua kwake hadharani, na kipimo cha vinasaba. Kipimo hicho hufanywa na Mamlaka ya Maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali kwa maombi yanayopitia mamlaka zinazotambuliwa, kama mahakama au ofisa wa ustawi wa jamii, na si kwa mtu kujipeleka mwenyewe. Katika uzoefu wangu, amri ya kipimo mara nyingi humaliza ubishi kabla hata sampuli haijachukuliwa, kwa sababu wengi wanaokana wanaujua ukweli. Lakini mama asiingie katika hatua hiyo kwa hasira. Gharama na muda wake ni mzigo, na penye ushahidi mwingine wa kutosha hakimu anaweza kuridhika bila hiyo.

Siku ya kusikilizwa ndiyo iliyonifanya niandike kwamba sehemu ya kwanza ya huduma hii ni bora kuliko sifa yake. Mahakama ya Watoto husikiliza mashauri kwa faragha na bila urasmi mwingi, hakimu mkazi akiongoza na ofisa wa ustawi wa jamii akiwepo, mara nyingi katika jengo la mahakama ya mwanzo lililoteuliwa kwa kazi hiyo. Hakuna umati wa watu kwenye mabenchi wanaosikiliza aibu za familia yako. Hakimu wetu aliwauliza wazazi wote wawili maswali ya kawaida kabisa: mtoto mkubwa anakwenda shule kwa miguu au kwa daladala, anayekohoa anatibiwa wapi, nani hukaa nao mama anapokuwa sokoni. Baba, ambaye ni fundi wa boti na injini, alidai kwamba kipato chake hakijulikani. Hakimu hakumbishia, alimwomba ataje kazi za mwisho alizofanya na alicholipwa kwa kila moja, akaandika, kisha akamsomea jumla. Mheshimiwa yule hakupandisha sauti hata mara moja.

Katika kupanga kiasi, sheria inamtaka hakimu apime kipato na mali za wazazi wote wawili, jambo lolote lililopunguza uwezo wa anayedaiwa kujipatia kipato, majukumu yake kwa watoto wengine, na gharama za maisha mahali mtoto anapoishi. Wapo wanaoona vibaya kwamba watoto wa mke wa pili huhesabiwa. Mimi naona ni haki, kwa sababu nao ni watoto na hawakuchagua wazaliwe lini. Kisichokubalika ni baba kulitumia tumbo la mtoto mdogo kama kinga ya kutomlisha mkubwa, na hakimu wetu alilisema hilo waziwazi. Amri ilikuwa shilingi 120,000 kwa mwezi kwa watoto wawili, pamoja na nusu ya gharama za matibabu, sare na madaftari.

Naomba msomaji azingatie namna amri inavyoandikwa, kwa maana hapa mzazi anaweza kujisaidia mwenyewe. Nimeona amri, hasa zinazotokana na maelewano ya haraka, zinazosema baba atatoa matunzo "kadiri ya uwezo wake" au "atahudumia watoto ipasavyo". Amri ya namna hiyo haikaziki, kwa kuwa hakuna mtu anayeweza kupiga hesabu ya deni lake. Mwombaji aombe kiasi kitajwe kwa tarakimu, tarehe ya mwisho ya kulipa kila mwezi itajwe, na njia ya kulipa itajwe, iwe ni akaunti ya benki au namba ya simu ya mama iliyoandikwa ndani ya amri yenyewe. Elimu ya msingi na ya sekondari hadi kidato cha sita katika shule za serikali haina ada, lakini michango ya chakula, sare, viatu na daftari haiishi, na visipotajwa vitageuka ugomvi kila Januari. Fedha ya kutoa mkononi ndiyo chanzo kikubwa cha ubishi ninaoushuhudia: huyu anasema alimpa mdogo wake mama alete, yule anasema hakuiona.

Sasa nifike kwenye deni lenyewe, ambako ndiko huduma inakochoka. Baba yule alilipa vizuri kwa muda, kisha akaanza kupunguza, kisha akaacha kabisa na kubadili namba ya simu. Mahakama haikujua. Haikuwa na namna ya kujua, kwa sababu ilipokwisha kutoa amri, faili lilifungwa na kurudishwa kabatini, na hakuna mtumishi ambaye kazi yake ni kuuliza kama mwezi huu watoto wamepata. Mama ndiye aliyepaswa kuhesabu miezi, kurudi ustawi, kurudi mahakamani, kuandika maombi ya kukazia amri, kulipia nauli ya mpeleka wito, na zaidi ya yote kumtafuta mwanamume huyo aliko ili wito umfikie. Katika mwambao mtu anaweza kuhamia kambi ya wavuvi kisiwani na akaonekana tena baada ya msimu wa kusi kupita. Mwombaji anaambiwa alete anuani yake halisi. Angekuwa na uwezo wa kumfuatilia namna hiyo, huenda asingehitaji mahakama.

Njia za kukazia zipo, na zina nguvu zinazotofautiana sana. Baba akiwa mwajiriwa, kuagiza mwajiri akate sehemu ya mshahara na kuipeleka moja kwa moja ndiyo njia bora kuliko zote, na mwombaji yeyote mwenye mzazi mwenzake katika ajira rasmi aiombe tangu siku ya kwanza bila kusubiri deni lijikusanye. Nimeona walimu, askari na watumishi wa bandari wakilipa kwa njia hiyo kwa miaka bila mtu kugombana na mtu, kwa kuwa fedha haipiti mkononi mwao. Kukamata mali kupitia dalali wa mahakama kunafaa palipo na mali inayoonekana na isiyo na ubishi wa umiliki. Kwa wengi wetu, boti ni ya tajiri, pikipiki ni ya mkopo na nyumba ni ya ukoo, kwa hiyo dalali hurudi mikono mitupu na gharama zake zikabaki kuwa deni jingine. Njia ya tatu ni kumpeleka mdaiwa gerezani kama mfungwa wa madai, kwa kipindi kisichozidi miezi 6, na kutoka kwake gerezani hakufuti deni.

Njia hiyo ya tatu inanisumbua moyo. Kwa utaratibu wa madai, anayeomba mdaiwa akamatwe ndiye anayetakiwa kuweka mahakamani fedha za kumtunza akiwa kizuizini. Kanuni hii ilitungwa kwa ajili ya mfanyabiashara anayemdai mfanyabiashara mwenzake, na kwa watu hao ina mantiki: inazuia watu kufungana kwa visasi. Kuipeleka kwa mama anayedai unga wa watoto ni kumwambia amlishe kwanza yule aliyekataa kuwalisha watoto wake. Mama niliyemsindikiza alipoelezwa jambo hilo alimtazama karani kwa muda, kisha akauliza: "Yaani nimnunulie yeye chakula, watoto wasubiri?" Karani, ambaye hakuitunga sheria hiyo, aliinamisha macho. Nakubali kwamba gereza huwatisha wengine wakalipa, na tishio lenyewe lina thamani yake, lakini fundi aliyefungwa hatengenezi injini, na mwezi anaokaa ndani ni mwezi mwingine usio na kipato. Ningependa hakimu aifikie hatua hiyo pale tu anapoona kwamba mtu anacho na hataki, na serikali ndiyo igharimie chakula chake.

Shauri letu liliahirishwa mara kadhaa katika hatua hii, mara kwa sababu wito haukumfikia, mara kwa sababu hakimu alikuwa na majukumu mengine, na hatukuwahi kupigiwa simu kabla ya kusafiri ingawa namba zetu zilikuwa ndani ya faili. Kwa mtu anayeuza vitumbua alfajiri, siku ya mahakama ni siku isiyo na mauzo, na ukiongeza nauli ya kwenda na kurudi unaona kwa nini akina mama wengi huacha shauri likafia njiani wakiwa na amri nzuri mkononi. Deni la miezi 9 kwa shilingi 120,000 ni shilingi 1,080,000, na kila safari isiyo na matokeo inaipunguza fedha hiyo kabla haijapatikana. Hatimaye baba alifika, akakiri, akaomba alipe kwa awamu juu ya kiasi cha kila mwezi, na hakimu alikubali kwa sharti kwamba apitishe malipo yote kwa namba ya simu iliyotajwa katika amri. Analipa, ingawa huchelewa.

Mfano wa mahali ambapo jambo hili linaweza kuendeshwa vizuri zaidi upo hapa hapa nchini. Kituo jumuishi cha Temeke jijini Dar es Salaam, kilichoanza kazi mwaka 2021, kinashughulikia mashauri ya familia, yaani ndoa, mirathi na watoto, kikiwa na ngazi za mahakama kuanzia ya mwanzo hadi Mahakama Kuu katika eneo moja. Mtu anayezunguka kwa daladala kati ya ofisi ya ustawi, steshenari na mahakama katika wilaya ya pembezoni anaelewa mara moja thamani ya mpangilio huo. Hata pasipo na jengo jipya, wilaya inaweza kuanza na jambo dogo: rejesta ya malipo ya matunzo, na tarehe ya shauri kutajwa kila baada ya miezi mitatu hata kama hakuna aliyelalamika. Baba anayejua kwamba Aprili atasimama mbele ya hakimu kueleza Januari, Februari na Machi atalipa kwa uangalifu zaidi kuliko baba anayejua kwamba yote yanategemea kama mama atapata nauli. Malipo ya simu yanaacha kumbukumbu. Mahakama inayosajili mashauri kwa mtandao haishindwi kuisoma kumbukumbu hiyo. Deni hili ni la mtoto, naye hana miguu ya kulifuata.

Kina baba nao wana malalamiko ambayo huduma inapaswa kuyapa nafasi, na kwa kiasi kikubwa huyapa. Lililo kubwa ni kunyimwa kuwaona watoto. Watu wengi, wanaume kwa wanawake, wanaamini kwamba matunzo na kuonana na mtoto ni mambo ya kubadilishana: asiyelipa asione, asiyeonyeshwa asilipe. Hakimu wetu aliyatenganisha mambo hayo mawili bila kusitasita, akamwambia baba kwamba anaweza kuomba haki ya kuwatembelea watoto kwa maombi yake mwenyewe na kwamba hatalipishwa kwanza ili asikilizwe. Nilifurahi kuona mama akiambiwa na yeye kwamba Jumamosi za watoto kwenda kwa baba yao si zawadi ya kutolewa anapopendezwa. Lalamiko jingine, kwamba mama anatumia fedha kusuka nywele, mimi sina subira nalo sana. Mama anayelea watoto wawili kwa shilingi 4,000 kwa siku hajabakiwa na cha kusukia.

Kwa wasio na uwezo, msaada wa kisheria ni bure chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, iliyotutambua pia sisi wasaidizi wa kisheria tulio katika kata na vijiji. Mashirika ya muda mrefu kama Chama cha Wanasheria Wanawake Tanzania na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu hupokea mashauri ya namna hii, na kampeni ya msaada wa kisheria ya Mama Samia, iliyoanza mwaka 2023, imewafikisha wanasheria katika wilaya ambazo hazikuwahi kumwona wakili akikaa chini ya mwembe na kusikiliza. Mzazi aende na nyaraka zake zote mara ya kwanza. Anayeishi Zanzibar atambue kwamba huko kuna sheria yake ya mtoto ya mwaka 2011 na Mahakama za Kadhi zenye nafasi yake katika masuala ya familia za Waislamu, hivyo baadhi ya niliyoyaeleza hayatamhusu.

Jambo la mwisho nawaelekea akina baba ambao hali zao zimebadilika kweli. Amri ya matunzo inaweza kurekebishwa. Aliyepoteza kazi, aliyeugua, aliyeunguliwa na chombo chake, anaweza kurudi mahakamani mwenyewe na kuomba kiasi kipunguzwe kwa muda, akiwa na barua ya kuachishwa kazi au karatasi za hospitali, na mama vilevile anaweza kuomba kiongezwe mtoto anapoingia sekondari au kipato cha baba kinapopanda. Amri kwa kawaida hukoma mtoto anapofikisha miaka 18, na inaweza kuendelezwa ikiwa bado yuko masomoni au katika mafunzo. Maombi hayo yaletwe mapema, maana kila mwezi unaopita chini ya amri ya zamani unahesabiwa kwa kiwango cha zamani. Baba niliyemwona akija kabla ya deni kuanza, akiwa na karatasi zake kwenye bahasha ya kaki, alisikilizwa na kupunguziwa siku hiyo hiyo, na mama wa mtoto wake hakupinga.